Kielelezo

Saa moja na robo, Noah nyeupe, mbele ya posta.
Nahesabu kofia, nahesabu chupa za maji,
nasema ninayoyasema kila Jumamosi:
mimi ni Kalunde, leo ni vijiji vitatu, vionjo sita,
dereva Mihambo haonji.
Abiria wanacheka. Mihambo hacheki, amekwisha sikia.

Mzee wa kiti cha nyuma kavaa koti, joto hili la Oktoba.
Kwenye orodha kaandika jina moja tu, Rwezaula.
Kazi: mstaafu.

Tunashuka kusini. Miyombo imechipua majani mapya
mekundu kama ufizi wa mtoto,
na mvua bado haijasema neno.
Mabani ya tumbaku, matofali yaliyoungua,
ng'ombe wawili wanaolitazama gari
kama watu wanaosubiri salamu.
Bi Nyemo wa Dodoma, aliyezaliwa shambani kwenye zabibu,
anauliza kama huku nako kuna mvinyo.
Namwambia, huku zabibu zetu zina mabawa,
na zinauma.

Kijiji cha kwanza, asali ya nyuki wadogo, chachu,
inaukunja uso kisha inauomba radhi.
Cha pili, wanzuki wa siku mbili, mtamu, wa wageni.
Bi Nyemo anauzungusha kwenye bilauri, ananusa,
anasema kuna ukwaju kwa mbali, kuna mbao mbichi.
Mpishi anasema kuna asali na maji,
mengine kaja nayo mwenyewe.

Cha tatu kipo mwisho wa njia ya baiskeli.
Mama Nshoma katupangia vibuyu vitatu juu ya ngozi.
Huwa anasema: onjeni, kila mtu na ulimi wake.
Leo macho yake yalifika kwenye koti, yakakaa.
"Leo mmoja atoe hukumu," akasema.
"Huyu. Huyu amezoea."

Mzee akaonja cha kwanza. Akaonja cha pili.
Kikombe cha tatu kikabaki mkononi.

"Themanini na moja," akasema Mama Nshoma,
kwa sauti ya mtu anayetaja bei ya chumvi.
"Mahakama ya Mwanzo, siku ya Jumatano. Kupika bila kibali.
Faini nililipa, nikauza mbuzi mwenye mimba.
Nikaomba chungu changu.
Ukaniambia, mama, hicho ni kielelezo."

Katika ziara huwa kuna dakika ya picha.
Hakuna aliyeinua simu.
Nyuki mmoja akaja, akatembea ukingoni mwa kikombe,
akazunguka, akazunguka tena,
kama karani anayetafuta pa kutia sahihi.

"Sheria ilisema..."
"Sheria nimeiuliza? Nimeuliza upi mtamu."

Akanywa. Akakaa sana.
"Wa tatu," akasema. "Una moshi."

"Huo ndio nilioupika vibaya!"
Mama Nshoma akacheka mpaka akashika goti,
sisi tukatazamana, tucheke au tusicheke,
na Mihambo, yule asiyecheka,
akageukia gari, mabega yakimtikisika.

Jioni nikawashusha mmoja mmoja.
Yeye wa mwisho, Cheyo, geti la kijani.
Barazani, chini ya taa, chungu cheusi cha shingo fupi
kimejazwa udongo, mshubiri umenenepa humo
mpaka umekipasua mdomo.
Nilikiona.
Akaona kwamba nimekiona.

Hakushuka upesi. Akafunga kifungo cha koti, akakifungua.
"Jumamosi ijayo nafasi ipo?"
Nikatoa daftari. Kiti kimoja?
"Kimoja. Na kitu cha kupakata."

Nikaandika jina, nikaandika kiti,
nikaandika: kupakata.
Safu ya bei nikaiacha wazi.